Sura ya 9: Faili Halipo, Mwenye Faili Ni Nani?

"Nimeweka programu, nikiifungua inaniambia kuna faili halipo. Hilo faili nalipata wapi?"

Katika maswali ya watumiaji wa kompyuta za Windows, hili halizeeki. Huulizwa na mwanafunzi wa chuo ambaye programu yake ya takwimu imegoma usiku wa kuamkia siku ya kukabidhi ripoti, na mhasibu wa duka la jumla, na kijana wa steshenari anayesafisha picha za pasipoti huku wateja wamejaa mlangoni. Ujumbe wenyewe huja kwa Kiingereza ndani ya kisanduku kidogo, na maana yake ni hii: programu haiwezi kuanza kwa sababu faili MSVCP140.dll halikuonekana kwenye kompyuta. Huenda kuisakinisha upya kukatatua tatizo. Kusakinisha ndiko wengi tunakokuita kuinstoli: kuiweka programu kwenye kompyuta kwa utaratibu wake, pamoja na vyote inavyohitaji.

Hapo watu wengi hufanya moja kati ya mambo mawili. Mmoja huandika jina la faili kwenye Google, akapata tovuti inayolitoa bure, akalipakua na kulibandika kwenye folda ya Windows. Mwingine hubeba laptopu hadi kwa fundi, naye fundi hupiga Windows upya, yaani hufuta mfumo uliopo na kuweka mwingine. Njia ya kwanza ni ya hatari na aghalabu haitibu. Ya pili hutibu, lakini kwa gharama isiyolingana na ugonjwa. Programu zote huondoka, na kama mwenye kompyuta hakuhifadhi kazi zake kwingine, nazo huondoka. Watu wamepoteza tasnifu, hesabu za biashara na picha za wazazi waliokwisha kufariki kwa sababu ya tatizo ambalo mara nyingi hutengenezwa kwa dakika kumi. Sura hii nimeiandika kwa ajili yao.

Swali la "nalipata wapi?" ndilo linalotupoteza. Faili la aina hii halisafiri peke yake. Lina mwenyewe: ni sehemu ya kifurushi fulani kilichotolewa na kampuni au mtengenezaji fulani, na tiba ni kumjua mwenyewe huyo, kisha kukirudisha kifurushi chake kizima.

Kwa nini programu huazimana

Mafaili yenye jina linaloishia kwa .dll ni maktaba za pamoja. Ndani yake mna kazi zilizokwisha kuandikwa, kama vile kuchora dirisha, kufungua faili au kukokotoa kipeuo cha pili, na programu nyingi huzitumia kazi hizo bila kila moja kuwa na nakala yake.

Wazo hili ni la zamani kuliko Windows. Mwaka 1949, katika Chuo Kikuu cha Cambridge nchini Uingereza, kompyuta iitwayo EDSAC ilianza kufanya kazi. Maurice Wilkes na wenzake David Wheeler na Stanley Gill waliona mapema kwamba kila aliyeandika programu alikuwa akirudia kuandika hesabu zilezile. Wakaziandika mara moja, zikatobolewa kwenye kanda za karatasi, kanda zikapangwa kabatini. Aliyehitaji hesabu fulani alichukua kanda yake, akainakili ndani ya programu yake, akairudisha. Mkusanyiko huo waliuita maktaba, na mwaka 1951 walitoa kitabu kilichoeleza namna ya kuutumia.

Kasoro ya kunakili ni kwamba kila programu hubeba nakala yake. Windows ya kwanza, iliyotoka Novemba 1985, ilitakiwa iweze kukaa kwenye kompyuta yenye kumbukumbu ya KB 256, ambayo haitoshi hata picha moja inayopigwa na simu ya leo. Kama kila programu ingebeba nakala yake ya kazi ya kuchora madirisha, programu mbili zisingeenea. Ikabidi kazi hizo zipakiwe kwenye kumbukumbu mara moja tu, na programu zote zizitumie kutoka hapohapo.

Fikiria masufuria makubwa ya shughuli yanayotunzwa na kikundi cha mtaa. Hakuna familia inayonunua sufuria la kupikia watu mia mbili kwa ajili ya harusi moja. Siku ikifika mtu huenda kuazima, na kikundi kikiliziba sufuria lililotoboka, kila atakayelitumia baadaye amefaidika. Lakini likihamishwa bila taarifa, mpishi atafika asubuhi na mchele wake na kuni zake, na pilau haitapikika, ingawa ufundi wake haujapungua chochote.

Leo maktaba za msingi za Windows ni pamoja na kernel32.dll, inayoshughulika na mafaili na kumbukumbu, user32.dll ya madirisha, vitufe na mausi, na gdi32.dll ya kuchora maandishi na mistari. Karibu kila programu unayoifungua huzitumia. Mifumo mingine ina zake: kwenye Linux na Android majina yake huishia kwa .so, na kwenye kompyuta za Apple huishia kwa .dylib.

Sekunde moja baada ya kubofya

Ukibofya programu mara mbili, Windows huisoma kabla ya kuiruhusu ianze. Ndani ya faili la programu kuna orodha ya maktaba inazozihitaji, iliyowekwa humo wakati programu ilipotengenezwa. Windows huichukua orodha na kuanza kutafuta. Maktaba chache za msingi zina mahali pake maalumu na hazitafutwi kwingine. Zilizobaki hutafutwa kwa utaratibu: kwanza kwenye folda ilimo programu yenyewe, kisha kwenye folda ya System32, kisha folda ya Windows, na mwishoni kwenye folda zilizotajwa katika PATH, ambayo ni orodha ya mahali pa ziada ambapo mfumo umeelekezwa kutafuta.

Ikikosekana maktaba moja tu kati ya hizo, kazi inasimama kabla hata mstari mmoja wa programu haujatekelezwa. Ndiyo sababu ujumbe ule ni mkavu. Mwenye kuzungumza ni Windows, na Windows inalijua jina la faili tu. Haijui lilitoka kwenye kifurushi gani wala nani alipaswa kulileta, kwa hiyo inashauri jambo la jumla: sakinisha upya.

Isitoshe, maktaba nayo huwa na orodha yake ya maktaba. MSVCP140.dll inaihitaji VCRUNTIME140.dll, na zote mbili zinahitaji mafaili mengine ya ngazi ya chini. Mtu aliyepakua faili la kwanza akadhani amemaliza atakutana na kisanduku kilekile chenye jina la pili, kisha la tatu. Kila mara atarudi kwenye tovuti ileile, na kila mara bando litaliwa. Akikisakinisha kifurushi, yote huja kwa pamoja.

Jina la faili humtaja mwenyewe

Hapa ndipo penye faida kubwa kuliko pengine pote katika sura hii, kwa sababu ukijua kulisoma jina, nusu ya kazi ya fundi umeifanya mwenyewe.

Anza na yale yanayosumbua wengi zaidi. Jina likianza na MSVCP, MSVCR, VCRUNTIME au MFC, faili ni la Microsoft Visual C++, zana ya kutengenezea programu kwa lugha ya C++. Michezo, programu za uhasibu na za usanifu wa majengo kwa wingi zimetengenezwa kwa zana hiyo, na matoleo yake yana vifurushi vya maktaba viitwavyo Visual C++ Redistributable, ambavyo Microsoft huvitoa bure. Namba iliyo kwenye jina ndiyo inayokuonyesha kifurushi cha kuchukua:

- 100, kama MSVCR100.dll: kifurushi cha mwaka 2010
- 110: kifurushi cha mwaka 2012
- 120: kifurushi cha mwaka 2013
- 140: kifurushi kimoja kinachohudumia matoleo ya 2015, 2017, 2019 na 2022

Microsoft waliruka kutoka 120 hadi 140, kwa hiyo usihangaike kutafuta 130. Pia kifurushi kipya hakizibi pengo la kile cha zamani. Mwenye 140 ambaye programu yake inataka MSVCR100.dll atalazimika kuweka na cha 2010, na kuviona vifurushi vinane au kumi vya Visual C++ kwenye orodha ya programu zako si dalili ya uchafu. Usivifute ili kupata nafasi. Kufanya hivyo ni kujitengenezea ujumbe wa faili halipo kwa mikono yako.

Majina marefu yanayoanza na api-ms-win-crt, kwa mfano api-ms-win-crt-runtime-l1-1-0.dll, ni ya Windows yenyewe. Kwenye Windows 10 na 11 kazi zake zimo tayari ndani ya mfumo. Kwenye Windows 7 na 8.1 huletwa na sasisho lenye namba KB2999226. Sasisho ni marekebisho ambayo Microsoft huyatoa baada ya mfumo kutoka mikononi mwao. Shule na ofisi zinazoendelea kutumia Windows 7 ambayo haikusasishwa kwa miaka mingi ndizo zinazokutana na ujumbe huu.

Wachezaji wa gemu wanalijua d3dx9_43.dll na ndugu yake XINPUT1_3.dll. Haya ni ya DirectX, mkusanyiko wa maktaba za picha, sauti na vidhibiti vya michezo. Linalowachanganya wengi ni kwamba kompyuta inaonyesha ina DirectX 12, toleo la juu kabisa, na bado mchezo wa mwaka 2009 unalalamika. Sababu ni kwamba maktaba hizi za ziada hazikuwahi kuwa sehemu ya Windows. Michezo ilizileta yenyewe. Microsoft walizikusanya kwenye kifurushi cha Juni 2010, chenye ukubwa wa MB 95 hivi, na hadi leo ndicho kinachozirudisha.

Kundi jingine linawahusu wanafunzi wa kompyuta moja kwa moja. Mwanafunzi ameandika programu yake ya kwanza ya C++, inafanya kazi vizuri kwake, akaipeleka kwa mwalimu kwenye flashi, na kwa mwalimu ikagoma. Tazama jina la faili linalolalamikiwa. Likiwa MSVCP140D.dll, VCRUNTIME140D.dll au ucrtbased.dll, ile D inaonyesha kwamba programu ilijengwa kwa hali ya kutafutia makosa, ambayo imekusudiwa kompyuta ya mtengenezaji tu. Mafaili hayo hayamo kwenye kifurushi chochote cha kugawia watu, na mwalimu hawezi kufanya lolote. Mwanafunzi ndiye anayepaswa kuijenga upya kwa hali ya Release. Likiwa libstdc++-6.dll, libgcc au libwinpthread-1.dll, alitumia zana za MinGW, ambazo huja pamoja na Code::Blocks. Dawa ni kuyaweka mafaili hayo kwenye folda moja na programu, au kuijenga programu kwa chaguo la -static ili maktaba ziingie ndani yake. Laiti kila anayefundisha C++ angelieleza jambo hili wiki ya kwanza.

Mengine yote hujibika kwa akili ya kawaida. Jina linalofanana na la programu ni la programu hiyo, na dawa yake ni kuisakinisha programu upya. Qt5Core.dll na wenzake wanaoanza na Qt hukaa kwenye folda ya programu inayowatumia, kwa hiyo nao hurudi kwa njia hiyohiyo. Jina likiwa la maktaba ya msingi ya Windows, tatizo ni la mfumo wenyewe, na hilo tutalifikia.

Biti 32, biti 64, na folda mbili zenye majina ya kupotosha

Kuna mtu atasema: mimi nimeliona faili hilo kwa macho yangu kwenye System32, mbona programu inasema halipo?

Programu za Windows ni za aina mbili, za biti 32 na za biti 64. Tofauti ni upana wa namba ambazo programu huzitumia kujua kitu kiko wapi kwenye kumbukumbu. Programu ya biti 32 haiwezi kupakia maktaba ya biti 64, wala kinyume chake. Kwa sababu hiyo Windows ya biti 64 ina folda mbili za maktaba, na majina yake yamepinduka: System32 ina mafaili ya biti 64, na SysWOW64 ina ya biti 32. Programu nyingi za zamani zilikuwa na jina System32 limeandikwa ndani yake, na Microsoft hawakutaka kulibadilisha mifumo ya biti 64 ilipokuja. WOW64 ni jina la sehemu ya Windows inayoziwezesha programu za biti 32 kufanya kazi humo. Programu ya biti 32 ikiomba kitu kutoka System32, Windows huielekeza kimyakimya kwenye SysWOW64.

Kwa hiyo faili uliloliona lipo kweli, ila si kwenye folda ambayo programu yako inaletewa vitu vyake. Na ukifanikiwa kubandika faili la biti zisizofaa mahali ambapo programu italiona, ujumbe utabadilika kuwa namba 0xc000007b, ambayo mara nyingi ni dalili ya mchanganyiko huo.

Ukipakua Visual C++ Redistributable kwa ajili ya Windows ya biti 64, chukua mafaili mawili: lenye x64 na lenye x86, ambalo ndilo la biti 32. Sakinisha yote mawili. Watu wengi huweka x64 peke yake kwa kuwa kompyuta yao ni ya biti 64, na hapo ndipo wanapokwama.

Kwa ufupi, kabla hatujaendelea: ujumbe hutoka kwa Windows, programu ikiwa haijaanza, jina la faili humtaja mwenyewe, namba yake hutaja toleo, na aina zote mbili za biti zinahitajika.

Tovuti za faili mojamoja

Maktaba ikishapakiwa na programu, hupata uwezo wote wa programu ile. Ukiifungua programu kama msimamizi wa kompyuta, maktaba nayo ni msimamizi: inaweza kusoma nywila zako, kufungua nyaraka, kutuma vitu nje. Anayepakua faili la .dll kutoka kwa mtu asiyemjua anamkabidhi mtu huyo kompyuta yake. Hata kama faili ni safi, huenda ni la toleo jingine au la biti nyingine. Na kwa kuwa halikuletwa na kifurushi, hakuna sasisho litakalolirekebisha siku kasoro ya usalama itakapogunduliwa ndani yake.

Tahadhari hii ina upande wa pili ambao haujulikani sana. Kumbuka kwamba Windows huanza kutafuta kwenye folda ilimo programu. Faili la .dll lenye nia mbaya likikaa kwenye folda ya Downloads, linaweza kupakiwa na kisakinishi halali utakachokifungua kutoka folda hiyohiyo. Nashauri kila kisakinishi kihamishiwe kwanza kwenye folda tupu.

Ushauri mwingine unaozunguka ni wa kuandika amri ya regsvr32 mbele ya jina la faili. Amri hiyo ni ya maktaba za aina maalumu zinazojiandikisha kwenye mfumo. MSVCP140.dll si mojawapo, na amri itarudisha kosa hata kama faili ni zima kabisa.

Hatua za kutengeneza

Piga picha ya ujumbe kwa simu kabla ya kuufunga. Majina haya ni rahisi kukosea, na VCRUNTIME140.dll si sawa na VCRUNTIME140_1.dll.

Kisha jiulize kilichobadilika. Kama programu ilikuwa ikifanya kazi jana, faili lilikuwepo jana. Angalia kapu la takataka, Recycle Bin. Angalia pia historia ya programu ya kukinga virusi. Kwenye Windows Security iko chini ya Protection history. Hapa lazima niseme wazi kuhusu programu zilizovunjwa ulinzi, zile zinazouzwa kwenye flashi bila leseni. Njia mojawapo ya kuzivunja ni kuondoa faili moja la .dll na kuweka lililochezewa. Kinga ya virusi ikiligundua, hulifungia, na mtumiaji huona ujumbe wa faili halipo. Muuzaji atamwambia azime kinga. Asizime. Zipo programu huru za kufanya kazi ileile: LibreOffice kwa nyaraka, GIMP kwa picha, R kwa takwimu.

Sababu nyingine ya kawaida ni kunakili folda ya programu kutoka kompyuta ya rafiki. Folda huja na programu, lakini maktaba za pamoja zilikuwa kwenye System32 ya rafiki na hazikusafiri. Kinachotakiwa ni kisakinishi kamili.

Baada ya hapo fuata mpangilio huu, na usimame pale tatizo litakapoisha:

1. Sakinisha kifurushi kilichotajwa na jina la faili, kutoka tovuti ya Microsoft, x86 na x64, kisha washa kompyuta upya.
2. Ondoa programu yenyewe na uisakinishe tena kwa kisakinishi kutoka kwa mtengenezaji wake.
3. Kama faili ni la Windows, fungua dirisha la amri kama msimamizi, andika DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth, subiri iishe, kisha andika sfc /scannow.

Amri hizo mbili hufanya kazi kwa kusaidiana. Ya pili hukagua mafaili ya mfumo na kurudisha yaliyoharibika kutoka kwenye akiba iliyomo ndani ya kompyuta. Ya kwanza huirekebisha akiba hiyo, na kwa kawaida hutumia intaneti, hivyo hakikisha una bando la kutosha. Hazigusi nyaraka zako.

Mafaili yakiendelea kupotea au kuharibika baada ya yote hayo, shuku diski. Usijaribu tiba nyingine kabla ya kunakili kazi zako kwenye diski ya nje au mahali pengine salama, kwa sababu diski inayokufa inaweza isikupe nafasi ya pili.

Folda ambayo haifai kufutwa

Miaka ya 1990 tatizo lilikuwa baya zaidi. Kila kisakinishi kiliruhusiwa kuandika juu ya maktaba za pamoja kwenye folda ya mfumo. Ukiweka programu mpya inakuja na toleo lake, na programu tatu za zamani zinakufa siku hiyohiyo. Windows 2000 ikaanza kuyalinda mafaili ya mfumo, na Windows XP ya mwaka 2001 ikaleta njia ya kuweka matoleo kadhaa ya maktaba moja bega kwa bega, ndani ya folda iitwayo WinSxS. Humo ndimo ilimo na akiba ambayo sfc huitegemea.

Leo laptopu za bei nafuu zenye hifadhi ya GB 64 hujaa haraka, na mwenye nayo akitafuta kilichoijaza hukutana na WinSxS ikionyesha GB kadhaa. Asiifute. Mafaili yake mengi ni yaleyale ya System32 yanayoonekana mahali pawili, kwa hiyo ukubwa unaosomeka ni zaidi ya nafasi inayoliwa kweli. Njia salama ya kuipunguza ni Disk Cleanup, kwa kuchagua usafishaji wa mafaili ya mfumo.

Siku hizi watengenezaji wengi wameamua kubeba maktaba zao ndani ya folda ya programu. Njia hiyo huwaepusha na ugomvi wa matoleo, lakini ina gharama. Aprili 2014 kasoro ya Heartbleed ilipotangazwa katika maktaba ya OpenSSL, inayolinda mawasiliano ya intaneti, msimamizi wa seva ya Linux yenye maktaba ya pamoja alisasisha faili hilo, akaziwasha upya huduma zake, na zote zikapona. Programu zilizobeba nakala zao zilibaki na kasoro hadi kila mtengenezaji atoe toleo jipya. Kwa jambo hili nasimama upande wa kushirikiana.

Kwa wanaotumia Linux

Ujumbe wa Linux una jina la faili na namba mwishoni, kama libssl.so.1.1. Namba hiyo ni toleo, na ina uzito. Ubuntu 22.04 ilikuja na OpenSSL 3, kwa hiyo programu iliyojengwa kwa ajili ya 1.1 hailioni faili lake. Wengine huunda kiungo kinachoipa libssl.so.3 jina la 1.1, lakini hilo ni jina tu; ndani kazi zimebadilika, na programu itakufa mbele ya safari. Tafuta toleo la programu lililojengwa kwa mfumo wako. Amri ya ldd ikifuatiwa na njia ya programu hukuonyesha maktaba zote inazozihitaji na zipi hazikupatikana, tena zote kwa mara moja. Itumie kwa programu unazoziamini tu, kwani inaweza kuendesha sehemu ya programu unayoikagua.

Flashi moja kwa mtaa mzima

Mahali ambapo intaneti ni ghali, pakua mara moja na ugawane. Vifurushi vya Visual C++ vya 2010, 2012, 2013 na kile cha 2015 hadi 2022, kila kimoja kwa x86 na x64, pamoja na DirectX ya Juni 2010, vyote vinaenea kwenye flashi ndogo kuliko zote zinazouzwa leo. Vichukue kwenye tovuti ya Microsoft yenyewe. Flashi ikiwa na swichi ya kuzuia kuandikwa, iwashe kabla ya kuichomeka kwenye kompyuta ya mtu, ili virusi vya huko visirudi nayo. Fundi wa mtaa, mwalimu wa kompyuta au mwenye steshenari akiwa na flashi hiyo mezani, wateja wengi wanaoleta ujumbe wa faili halipo wataondoka na Windows yao ileile na nyaraka zao zote.

Kile cha 2015 hadi 2022 kipakue tena kila baada ya miezi michache, kwa sababu Microsoft hukisasisha. Ukikisakinisha na kikakataa kwa namba 0x80070666, maana yake kompyuta ina toleo jipya zaidi ya ulilonalo mkononi. Katika hali hiyo nenda kwenye orodha ya programu kwenye Control Panel, chagua kifurushi hicho, bofya Change, kisha Repair.